Vipepeo wa Kisiwa cha Malava

Ndugu mkulima wa Kabras, kisiwa si lazima kiwe baharini. Msitu wa Malava, kipande kilichosalia cha misitu ya Kakamega, umezungukwa na miwa na mahindi kama vile kisiwa kinavyozungukwa na maji. Vipepeo wengi wa kivulini hawapendi kuvuka shamba lenye jua, na viwavi wao hula majani ya miti fulani tu. Miti hiyo ikiisha, nao huisha. Basi iache miti ya asili iliyo kando ya mto wako. Huko Gede, tangu 1993, wakulima wanaopakana na msitu wa Arabuko-Sokoke hufuga viwavi, nao wakiisha kujifunga gandani huuzwa ng'ambo. Lakini yule kiwavi wa mchungwani, anayefanana na kinyesi cha ndege, si adimu: mwokote kwa mkono.