Miadi ya Samarra: kisa kilichosafiri kuliko mtumishi wake

Kikundi chetu cha usomaji hakijapata jina mpaka leo. Tunakutana Jumamosi ya kwanza ya mwezi katika chumba cha nyuma cha maktaba ya mtaa hapa Birmingham, watu saba, wanane hali ya hewa ikiwa nzuri, na sharti ni moja: kitabu kiwe cha lugha yoyote, maneno yawe ya Kiswahili. Mwezi jana tulisoma Mfalme Edipode, tafsiri ya Samuel Mushi iliyotoka mwaka 1971. Nakala ilikuwa moja. Ilipita mikono yote, na iliponifikia mimi ilikuwa na mafuta ya sambusa kuanzia ukurasa wa tatu.

Edipode anatabiriwa kwamba atamuua baba yake. Anaihama Korintho ili jambo hilo lisitokee, na huko njiani, kwenye njia panda, anagombana na mzee mmoja msafiri na kumuua. Mzee ndiye baba. Tulipofika hapo, mwenzetu wa Bukavu anayeendesha basi la mjini akaweka kikombe chini. "Lakini hii si ile ya Samarra?" Nusu ya chumba ikaitikia. Nusu nyingine ikauliza Samarra ni mwanamke gani. Nawaandikia hao wa nusu ya pili, pamoja na wote waliowahi kutumiwa kisa hiki kwenye kundi la WhatsApp kikiwa kimebandikwa jina la mtu asiyehusika.

Kukisimulia ni dakika mbili. Mfanyabiashara wa Baghdad anamtuma mtumishi wake sokoni. Mtumishi anarudi anatetemeka. Amesukumwa na mwanamke katika msongamano, na alipogeuka alimtambua: ni Mauti, naye alimnyooshea mkono kama anayetisha. Anaomba aazimwe farasi akajifiche Samarra. Anapewa, anaondoka mbio. Mfanyabiashara naye anateremka sokoni, anamkuta Mauti amesimama palepale, anamlaumu kwa kumtisha kijana wa watu. Mauti anasema hakumtisha mtu. Alishtuka tu kumwona Baghdad, maana miadi yao ni usiku huohuo, Samarra.

Basi, kimeisha. Hakuna anayekufa mbele ya macho yetu. Samarra yenyewe ni mji wa kweli, uko kando ya mto Hidekeli yapata kilomita 125 kaskazini ya Baghdad, na kwa miaka 56, kuanzia 836 hadi 892, ulikuwa makao makuu ya makhalifa wa Bani Abbas. Mnara wake wa kuzunguka kama konokono bado umesimama. Kilomita 125 kwa siku moja juu ya farasi mmoja! Mimi nikisoma hapo humwonea huruma mnyama, ambaye hakuwa na miadi na mtu.

Maneno wanayoyajua wengi ni ya William Somerset Maugham, Mwingereza aliyezaliwa Paris mwaka 1874 na kusomea udaktari London kabla ya kuacha sindano na kushika kalamu. Aliyaweka katika Sheppey, tamthilia yake ya mwisho, iliyoonyeshwa London mwaka 1933. Sheppey ni kinyozi. Anashinda fedha nyingi katika bahati nasibu ya mbio za farasi, na badala ya kununua nyumba anataka kuwagawia maskini, jambo ambalo familia yake inaliona kuwa ni wazimu na kumwitia daktari. Mwishoni Mauti anamjia kwa sura ya mwanamke wa mtaani anayemfahamu. Kinyozi anajuta: laiti angekwenda kupumzika kisiwani kwao, Sheppey, pale Kent mdomoni mwa mto Thames, kama alivyoshauriwa, labda asingepatikana. Ndipo Mauti anapomsimulia habari ya Baghdad. Kwa hiyo humo kisa kimewekwa kikiwa jibu kwa mtu anayefikiri angeokolewa na nauli ya treni, na mwenye kulitoa ni Mauti mwenyewe. Anayekikata na kukituma peke yake, bila yule kinyozi, anapoteza nusu ya uchungu wake na karibu kichekesho chote.

Mwaka uliofuata, 1934, Mmarekani John O'Hara aliyachukua maneno ya Maugham na kuyaweka mwanzoni mwa riwaya yake ya kwanza, Appointment in Samarra. Ni Dorothy Parker aliyemwonyesha, na jina la kitabu likabadilika papo hapo. Humo hamna Baghdad wala farasi. Kuna mji mdogo wa Pennsylvania siku za Krismasi, muuza magari aliyemrushia mwenziwe kinywaji usoni, na siku tatu za kujiharibia mambo mpaka basi.

Lakini Maugham hakukibuni. Miaka kumi kabla yake, mwaka 1923, Mfaransa Jean Cocteau alikwisha kukitia katika riwaya yake Le Grand Écart. Kwake mtumishi ni mtunza bustani kijana wa Uajemi, anayemwazima farasi ni mwana wa mfalme, na mji wa kukimbilia ni Isfahan. Nacho hakuwa amekitunga yeye.

Hapa mzee wetu wa Tanga, aliyekuwa kimya tangu Edipode, alikohoa. "Mnazunguka Ulaya yote, na hadithi ya Nabii Sulemani mmeiacha mlangoni."

Ni kweli, nasi wengine tuliisikia darsani tukiwa wadogo tusijue kwamba ni hiyohiyo. Imam Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, aliitaja katika kitabu chake Ihya kwenye mlango wa kukumbuka mauti. Jalaluddin Rumi, aliyefariki Konya mwaka 1273, aliiweka katika kitabu cha kwanza cha Masnavi. Mtu anaingia asubuhi barazani kwa Sulemani, uso umempauka: Izraili, malaika wa mauti, amemtazama kwa jicho baya. Anaomba upepo, ambao uko chini ya amri ya Sulemani, umpeleke Bara Hindi. Upepo unampeleka. Kesho yake Sulemani anamuuliza Izraili kwa nini alimkasirikia yule maskini. Izraili anasema lile lilikuwa jicho la mshangao. Ameamrishwa aitwae roho yake Bara Hindi siku ileile, na alikuwa anajiuliza mtu huyu, hata akiota mabawa, atafikaje. (Mzee akaongeza kwamba upepo wa kwenda Hindi ni kusi, kila nahodha anajua, na kwamba ukikosa msimu unangoja.)

Nyuma zaidi iko Talmudi ya Babeli, ambayo ilipata umbo lake yapata karne ya 6, katika nchi hiihii ambayo leo ni Iraki. Huko Sulemani anamwona Malaika wa Mauti ana huzuni na kumuuliza kulikoni. Malaika anajibu: natakiwa niwachukue waandishi wako wawili, hao Wakushi. Neno hilo, Wakushi, maana yake ni watu weusi wa kusini mwa Misri, ingawa wafasiri wanasema hapo ni sifa ya uzuri tu. Sulemani anawapa majini wawapeleke Luzu, mji ambao malaika huyo hana mamlaka ndani ya kuta zake. Wanafika langoni, wanakufa. Kesho yake malaika anachekelea: umewapeleka mahali hasa nilipotakiwa kuwapokea. Na huo mji wa Luzu una habari yake nyingine inayonikaa kichwani kuliko kisa chenyewe: wazee wa humo wanapochoka kuishi hutoka wenyewe nje ya ukuta.

Ukizipanga hadithi hizi unaona kitu kimoja kimepotea njiani. Kwa Sulemani, Malaika ni tarishi. Amepewa jina na mahali, hakupewa njia, na ndiyo maana ana haki ya kushangaa, kwa kuwa anayejua yote ni aliyemtuma. Kwa Cocteau na Maugham aliyetuma hayupo tena. Amebaki Mauti na shajara yake, na sentensi ileile iliyomtuliza msikilizaji barazani sasa inamtia ubaridi mtazamaji wa London. Ndiyo sababu simkubalii anayesema kwamba ni hadithi moja iliyobadilishwa nguo. Mimi naziona ni mbili.

Na hata kwa Rumi haikusimuliwa kama neno la mwisho. Jambo hili watu hawalitaji, nami nililipuuza miaka yote mpaka nilipolazimika kujitayarisha kwa mjadala. Wanaosimulia habari ya Sulemani na Izraili katika Masnavi ni wanyama wa porini. Wamechoka kuwindwa. Wamemwendea simba na mapatano: kaa nyumbani, sisi tutakuletea riziki yako kila siku. Simba anabisha, anasema kiumbe ameumbwa na miguu ili ahangaike. Wao wanamjibu kwamba kuhangaika hakufai kitu, heri kutawakali, na ili kumshawishi wanamtolea mfano wa mtu aliyekimbilia Bara Hindi. Yaani kisa cha kutoikimbia ajali kinatolewa na upande wenye maslahi simba asikimbie popote! Kisha inapofika zamu ya sungura kuliwa, hatawakali hata kidogo. Anachelewa makusudi, anamdanganya simba kwamba kuna simba mwingine, anamwonyesha sura yake kwenye maji ya kisima, simba anajitosa. Mwisho huo kila mtoto wa kwetu anaujua. Tusichokijua ni kwamba humo ndani umetiwa ubishi mzima wa kadari na juhudi.

Basi ubishi huo ukahamia chumbani kwetu. Dada wa Mombasa, nesi wa wodi ya wagonjwa mahututi, alikuwa amekiona kisa kinawadhihaki watu. "Kazi yangu ni kuazima farasi," alisema. "Kila usiku. Na wako wanaofika Samarra, wanakaa wiki, wanarudi na maua kutushukuru." Mzee akamwambia kwamba hao miadi yao ilikuwa bado. "Sawa baba, lakini mimi nitajuaje kabla sijawapa farasi?" Mzee akacheka, akasema hapo amempata, kisha akafafanua kwamba hakuna aliyemkataza kutoa farasi, tajiri wa Baghdad hakulaumiwa na yeyote, wala Sulemani.

Nami nikaleta neno lililokuwa likiniwasha: ajali. Asili yake ni Kiarabu, ajal, muda uliowekwa, hasa ule wa uhai kufika kikomo. Kiswahili kililipokea kwa maana hiyo, na ndiyo iliyomo bado ndani ya msemo kwamba ajali haina kinga. Kisha barabara na magari yakaja, na neno la miadi likawa neno la mgongano. Leo polisi wa usalama barabarani wanasema ajali nyingi zinazuilika, na kampuni zinauza bima ya ajali, jambo ambalo babu zetu wangeliona ni kukatia bima majaaliwa. Dereva wetu alifurahi sana. "Kazini kwetu ukikwaruza kioo unajaza fomu. Swali la kwanza: ajali imesababishwa na nani? Hebu andika Mungu uone."

Sisi tulio huku, nadhani, kisa kinatugusa mahali pengine tena. Kila aliyekuwa chumbani aliwahi kuazima farasi: mmoja alitoka Bukavu wakati wa vita, mwingine alifuata kazi ya uuguzi, mwingine alimfuata mume. Na kila mmoja yumo katika kundi la simu ambalo mara mbili tatu kwa mwaka hugeuka ghafla kuwa la michango, mwili uko hospitali fulani, nauli ya kuurudisha ni paundi kadhaa, tafadhali tuma kwa mweka hazina. Huwezi kupokea ujumbe wa namna hiyo saa nane za usiku halafu ukaiona Samarra kama fumbo la Mashariki ya kale.

Muda wa chumba ulikuwa umekaribia kwisha dada nesi alipouliza swali ambalo sikuliona katika kitabu chochote. Yule tajiri alikwenda hadi sokoni, akasimama na Mauti uso kwa uso, akazungumza naye na kujibiwa kwa adabu. Mbona hakuuliza habari zake mwenyewe?

Tukazungusha swali mezani: ungeuliza? Dereva alisema asingeuliza, yeye hata matokeo ya mpira hapendi kuambiwa kabla. Nesi alisema angeuliza saa, apange zamu. Mimi nilikwepa. Mzee wa Tanga alisema siku na saa hazimshughulishi kwa umri wake, ila mahali angeuliza, tena haraka, kwa sababu analipa ada kwenye vyama viwili vya mazishi, cha hapa na cha Tanga, miaka kumi na moja sasa, na kimoja kati ya hivyo anakitupia pesa bure.