Kamera, Pepo na Kifafa: Filamu Fupi kama Ushahidi wa Maradhi

Mwaka 1971 Mfaransa Jean Rouch alipiga filamu ya majaribio katika kijiji cha Simiri, nchini Niger. Filamu hiyo, Tourou et Bitti, huchukua takriban dakika 10, na karibu yote ni picha moja isiyokatizwa. Ngoma zilikuwa zimepigwa kwa muda mrefu bila pepo kutokea. Rouch akaendelea kupiga picha, na pepo akapanda. Yeye mwenyewe aliamini kwamba kamera ilichangia kumwita.

Huko Ituri kamera inatakiwa kufanya kazi nyingine. Mtoto ameshika bakuli la chakula. Kichwa kinashuka kifuani, kinainuka, kinashuka tena, mara 5 hadi 20 kwa dakika. Macho yako wazi lakini hamjibu anayemwita. Asiyeijua hali hiyo aghalabu husema kapandwa na pepo. Tabibu husema kifafa. Louise Jilek-Aall aliieleza huko Mahenge, Tanzania, katika miaka ya 1960, na imeonekana pia kaskazini mwa Uganda na katika eneo la afya la Logo, wilayani Mahagi, penye mito ya kasi wanamozaliwa usubi. Uhusiano wa kifafa hicho na minyoo inayoenezwa na usubi ni wa nguvu, ijapokuwa namna ubongo unavyodhurika haijathibitika.

Mtikisiko huo hudumu muda mfupi, na ni nadra kutokea mbele ya tabibu. Ndiyo maana wataalamu waliokutana Kampala mwaka 2012 kwa wito wa Shirika la Afya Duniani walikubali picha ya video kuwa mojawapo ya njia za kuthibitisha ugonjwa.

Bila picha, hubaki maneno tu. Mzazi wa Saio, mjini Bunia, akimwambia muuguzi kwamba mtoto "anazubaa", "anazimia" au "anasinzia", kila neno huelekeza kwingine: la kwanza kwenye uvivu wa akili, la pili kwenye anguko, la tatu kwenye usingizi. Kusinzia ndilo lililo karibu zaidi na mwendo wa kichwa, nalo ndilo linalodharauliwa upesi. (Dawa za kifafa, hata hivyo, huweza kupunguza mishtuko.)

Picha ifaayo basi hufanana na ya Rouch: kamera imetulia, hakuna mkato, na saa inahesabiwa. Hapa tu uso wa mtoto, ambaye hawezi kutoa ridhaa, haustahili kuoneshwa nje ya chumba cha matibabu.