Mchumba Anasomea Mitandao, Utasubiri?

Umewahi kuulizwa swali na mjomba wa mtu ukabaki mdomo wazi, na digrii yako ya mawasiliano mkononi? Mimi limenikuta Newala.

Nilimsindikiza rafiki yangu, mwalimu wa sekondari Masasi, kwenda kwa wakwe watarajiwa. Tuliyaacha majabali ya Masasi, gari likapanda uwanda wa Makonde, shosti kimya njia nzima. Mchumba wake, mhadhiri msaidizi wa mitandao ya kompyuta, kapata nafasi ya kusoma PhD Ulaya. Miaka minne! Na shosti ana thelathini na moja.

Tulikaa chini ya mkorosho. Mjomba (kwa Wamakonde, mjomba ndiye mwenye neno) akanigeukia: “Mwanangu, huyu akimaliza anakuwa nani? Fundi simu?”

Jamani! Nikamweleza kuwa chuo kikuu bila PhD unakwama hapo hapo kwenye mhadhiri msaidizi. Ukiipata unakuwa mhadhiri, kisha mwandamizi, profesa mshiriki, na ukijaliwa, profesa kamili.

“Na mke anakaa wapi muda wote huo?”

Hapo nikamtolea mfano wa Dk. Amos Nungu. Alikuwa mwalimu wa Taasisi ya Teknolojia Dar es Salaam (DIT), akapata PhD mwaka 2011 katika chuo cha KTH, Sweden. Lakini utafiti wake ulikuwa wa nyumbani, Bunda na Serengeti, mkoani Mara. Kwenye njia za umeme za TANESCO kulikuwa na nyaya za faiba zenye nafasi ya ziada, wakazitumia kupeleka intaneti vijijini. Swali gumu halikuwa waya. Lilikuwa nani atalipia huduma na nani atatengeneza mitambo mfadhili akishaondoka. Baadaye Nungu akawa Mkurugenzi Mkuu wa COSTECH, tume ya taifa ya sayansi na teknolojia.

Mjomba akatikisa kichwa. Watu wa Newala hawafundishwi hilo: maji yao hupandishwa kwa pampu kutoka bondeni. “Kumbe ni kama bomba letu. Bomba lipo, kazi ni kulitunza.”

Shosti akaona upenyo. Kwa sauti ya chini akamuuliza mchumba wake: “Na wewe utafiti wako unaufanyia wapi?”

Kijana akashika kichwa. Alikuwa amepanga kukaa maabara ya huko huko, mwanzo mwisho. Kusema kweli nilimkasirikia. Miaka miwili ya uchumba hakuwahi kulitaja hilo!

Mjomba hakupandisha sauti. Alitoa masharti mawili: ndoa kabla ya safari, na vipimo vya mtandao vifanyike kwenye shule za Newala na Masasi, ili kila mwaka arudi. Kijana akasema la kwanza amekubali, la pili lazima amwandikie kwanza profesa wake.

“Mwandikie leo,” shosti akamjibu. “Mahari itapokelewa akishajibu.”

Tuliporudi Masasi jioni ile, bado profesa hajajibu.