Kutafuta ndugu ng'ambo ya Mto Songwe: ya kujua kabla ya safari

Kwa wazee wengi wa Kyela na Rungwe, mkoani Mbeya, kwenda nje ya nchi kutafuta asili ya ukoo hakuhitaji ndege. Unavuka daraja la Mto Songwe pale Kasumulu, unaingia wilaya ya Karonga, kaskazini mwa Malawi.

Kwa nini ndugu wako huko?

Wanyakyusa wa Tanzania na Wangonde wa Malawi ni watu wa asili moja, na lugha zao zinasikilizana. Mpaka umewakuta hapo. Julai 1, 1890, Ujerumani na Uingereza zilikubaliana kwamba Songwe utenganishe maeneo yao. Waliokuwa wakiishi kando ya mto hawakuulizwa. Mto wenyewe nao hautulii: mafuriko huubadilishia njia, na shamba la upande huu likajikuta upande wa pili.

Simulizi za jadi zinakwenda mbali zaidi. Zinasema machifu wa pande zote mbili, akiwemo Kyungu wa Wangonde, walitokea milima ya Ukinga, yaani Makete, iliyokuwa mkoa wa Iringa kabla ya mkoa wa Njombe kuanzishwa 2012. Kwa hiyo mzee na mkewe wanaokwenda Karonga kutafuta asili wanaweza kuelekezwa tena huku huku nyumbani.

Waanzie wapi?

Waanze na majina. Jina la ukoo linaloanza na "Mwa" lipo pande zote mbili, lakini peke yake halithibitishi undugu. Tafuta majina ya babu na bibi, kijiji walichotoka, walipozikwa, na sababu ya kuhama. Msisahau ukoo wa mama, maana wanawake wengi walivuka mto kwa kuolewa.

Pili, ulizeni ofisi ya Uhamiaji kuhusu hati za kusafiria, kisha piteni mpakani rasmi. Njia za panya zinaweza kuwafikisha wazee mahabusu badala ya kwa ndugu.

Tatu, mkifika kijijini, nendeni kwanza kwa mkuu wa kijiji. Msalimieni, mjitambulishe, mtaje majina yenu ya ukoo.

Kama nauli bado haijapatikana, vijana mnaotusoma kwa simu, mrekodini bibi au babu leo. Akiondoka yeye, hata mkifika Karonga hamtajua mwulizie nani.