Obunga jua likishatua

Ukimwuliza mtu wa Kisumu iliko raha ya usiku, atakutajia Kondele. Ana haki, maana Kondele ina taa, muziki na abiria wa kila upande hadi usiku wa manane. Obunga, mtaa wa mabanda ulio kando ya barabara ya Kakamega, hutajwa kwa sauti ya chini, na karibu kila mara pamoja na chang'aa. Chang'aa ipo, sikatai. Lakini anayeishia hapo hajauona usiku wa Obunga.

Vichochoro vyake ni vya udongo, na vingi havipitishi gari. Jioni ikiingia njia huwa ya watembea kwa miguu, bodaboda wakijipenyeza kwa honi, na pembezoni wamekaa akina mama na makarai yao. Wanakaanga mgongo wazi, yaani mabaki ya mbuta. Mbuta, samaki aliyetiwa Ziwa Victoria katika miaka ya 1950 na mwanzoni mwa miaka ya 1960, alileta viwanda vya minofu mjini Kisumu. Minofu hupanda ndege kwenda Ulaya na kwingineko; kichwa, mkia na uti wa mgongo vyenye nyama kidogo hurudi kwa wakazi. Obunga ndiko mabaki hayo yanakogeuzwa chakula: huanikwa juani, kisha hutumbukizwa katika mafuta yanayochemka, mara nyingi mafuta yaliyoyeyushwa kutoka kwa samaki huyohuyo. Moshi wake unauma macho, na mama anayegeuza mifupa hiyo kwa chuma kirefu hukaa ameupa upepo mgongo. Umoja wa Ulaya ulipozuia samaki wa ziwa hili mwishoni mwa miaka ya 1990, pigo lilimfika hata yeye, kwa kuwa kiwanda kisipokata minofu hakuna mifupa ya kununua.

Sikiliza wanavyoitana hapo kwenye karai. Mteja hamwiti muuzaji kwa jina lake la kuzaliwa. Humwita nyar Gem, nyar Alego, nyar Asembo, yaani binti wa huko alikotoka kabla ya kuolewa, naye muuzaji humwita mteja mzee jaduong'. Heshima hiyo ndiyo inayobeba deni. Mlinzi anayeelekea zamu ya usiku huondoka na kichwa cha samaki na ugali bila kulipa, akijulikana kwa ukoo na kijiji, naye hulipa mshahara ukiingia.

Nyuma ya makarai ndiko kwenye mapipa ya chang'aa. Sukari nguru au molasi kutoka ukanda wa miwa huchanganywa na maji na hamira, ikaachwa ichache siku kadhaa hadi iwe kangara, kisha huchemshwa ili mvuke wake ukusanywe. Kazi hii pia ni ya wanawake wengi, na ada nyingi za shule zimetoka humo. Sheria iliipiga chang'aa marufuku mwaka 1980. Ile ya 2010 iliifuta marufuku hiyo na kuruhusu pombe iliyopikwa na kufungashwa kwa masharti ya leseni. Masharti hayo mama wa kichochoroni hana mtaji wa kuyatimiza, kwa hiyo bado anapika akiwa na sikio kwa polisi. Pombe hii imewapofusha na kuwaua watu nchini ilipotiwa kemikali, na mimi siitetei. Ninachotetea ni mpishi mwenye haki ya kuonyeshwa njia nyingine kabla pipa lake halijamwagwa.

Msiba nao una usiku wake. Mjaluo huzikwa kwao, na kusafirisha mwili hadi Siaya au Homa Bay kunahitaji fedha, ndiyo maana matanga ya mtaani hupigiwa muziki na kupitishiwa mchango. Vijana wadogo hukesha humo bila mtu mzima wa kuwaangalia, jambo ambalo wazazi wa Obunga wanapaswa kulikomesha wenyewe.

Lakini mila ninayoipenda kuliko zote ni pakruok, majigambo ya Wajaluo yanayoambatana na muziki. Ilianzia kwenye vikao vya pombe vya wazee, mpigaji nyatiti akiwa katikati na nyuzi zake nane. Leo hufanywa kwa muziki wa benga, kwa ohangla, kwa kinanda cha umeme, hata redioni. Mtu humtunza mwanamuziki noti, muziki hushushwa, naye husimama kujisifu: kijiji chake, mkewe, shemeji yake, rafiki aliyemnunulia soda. Sifa hutungwa papo hapo, na isipokuwa na ladha wasikilizaji hawaiachi ipite, humrudisha chini kwa kicheko. Mwenye maneno hushangiliwa, ngoma ikapanda tena.

Wanawake nao hulipa na kusimama. Mama aliyeshinda kwenye moshi wa karai hutoa noti yake, akataja kwao, akataja watoto aliowasomesha kwa mifupa ya mbuta, na mpiga ngoma akalirudia jina lake mbele ya mtaa mzima. Mjini, mchana, hakuna ofisi inayomwita hivyo. Kwenye pakruok husubiriwa amalize, na anayetaka kumzidi hana budi kutia mkono mfukoni.