Sheria ndiyo mfalme, au mfalme ndiye sheria?

Likizo hii nilikuwa nyumbani upande wa Bomet, ambako chai imefunika vilima hadi kwenye ua wa kanisa. Mchungaji mmoja kijana alinijia na kitabu mkononi: karatasi mpya, maneno ya kale. Kilikuwa ‘Lex, Rex’ cha Samuel Rutherford, mhubiri wa Kipresbiteri wa Scotland, kilichotoka London mwaka 1644.

“Prof,” akaanza, “nataka wazee wa kanisa wakisome kabla siasa hazijapamba moto. Lakini Kiingereza chake hata mimi kinanishinda. Hebu tukitie katika Kiswahili.”

Nilicheka. Waskoti walifika Kericho kwa njia ya chai zaidi kuliko kwa mimbari. Kampuni ya James Finlay ya Glasgow ilianza kupanda huku katika miaka ya 1920. Makanisa yetu mengi yana mizizi katika misheni za Wamarekani, za Tenwek na Litein. Sasa huyu kijana anataka nini na Mskoti wa karne ya 17? Ila mtu akiniletea tafsiri, mimi hushindwa kukataa.

Kazi ilitukwamisha pale kwenye jalada. Maneno mawili ya Kilatini, koma katikati, basi. ‘Lex’ ni sheria, ‘rex’ ni mfalme. Mchungaji alikuwa ameandika “Sheria na Mfalme”. Nikamwambia hapo umeua kitabu. Katika enzi ya Rutherford, watetezi wa kiti cha enzi walishikilia kwamba mfalme ndiye sheria. Yeye akaligeuza: sheria ndiyo mfalme. Tazama jinsi Kiswahili kinavyoifanya kazi hii kwa silabi moja tu. ‘Ndiye’ humteua mtu, ‘ndiyo’ huiteua sheria. Kilatini kina vina vitamu, lakini sisi tuna upatanisho wa ngeli, na hauachi shaka ni nani aliye juu.

Mabishano hayo hayakuwa ya darasani. Baada ya ufalme kurejeshwa mwaka 1660, kitabu kilichomwa moto hadharani na mwandishi akaitwa kujibu shtaka la uhaini. Alikufa mwaka 1661 kabla hawajamfikisha mbele ya wakuu. Kitabu nacho kikakataa kufa. Kilichapwa upya Edinburgh mwaka 1843, mwaka uleule ambao zaidi ya wachungaji 400 walijitoa katika Kanisa la Scotland, wakikataa wenye ardhi na mahakama kuziamulia parokia nani awe mchungaji wao. Watu hawachapi upya kitabu cha miaka 200 kwa kupenda vumbi. Toleo hilo ndilo lililochapwa tena Marekani mwaka 1982, na kwa njia moja au nyingine likafika Bomet.

Neno la pili lililotutoa jasho ni lile ambalo wahubiri hao walimwitia mtawala, na ambalo kamusi nyingi hulifasiri ‘hakimu’. Mchungaji alikuwa amejaza kurasa nzima ‘hakimu, hakimu’. Msomaji wa Kenya akiona hakimu anafikiria nini? Mahakama ya Sotik, faili, kesi kuahirishwa. Lakini Rutherford na wenzake walimaanisha yeyote mwenye madaraka ya kutawala, kuanzia mfalme hadi liwali wa mji. La kuchekesha ni kwamba asili ya neno letu inawaunga mkono. Kwa Kiarabu, ‘hakim’ ni mtawala na pia mwamuzi. Mzizi huohuo umetupa hukumu, mahakama na hekima. Kiswahili ndicho kilicholipunguza neno hadi likatosha kizimbani tu.

Kwa Wakipsigis mambo yalikwenda kinyume. Kirwogindet alikuwa mzee wa kokwet, baraza la ujirani, aliyesikiza kesi na kutoa shauri hadi watu wakubaliane. Hakuwa na askari wala daftari la kodi. Mkoloni alipohitaji chifu wa kumkusanyia kodi, jina hilohilo likavishwa mtu huyo mpya. Kwa hiyo hakimu alianza mtawala akaishia mwamuzi, na kirwogindet alianza mwamuzi akaishia mtawala. Tuliamua kuandika ‘mtawala’ kote, na ‘hakimu’ pale tu kesi inapoamuliwa.

Jioni hiyo mchungaji aliwasomea wazee kurasa za kwanza. Mmoja wao, mzee wa ukoo wa Talai, alisikiza kimya hadi mwisho, kisha akauliza: “Sheria ndiyo mfalme. Sawa. Sheria ya nani?”

Wageni wa historia yetu niwaeleze kidogo. Talai ndio ukoo wa orkoiik, watu walioheshimiwa kwa uwezo wa kuona yajayo na kubariki vita na safari. Serikali ya kikoloni iliwaogopa. Mwaka 1934 ilitunga sheria, na kwa sheria hiyo mamia ya watu, wake kwa watoto, waling’olewa Kericho na kupelekwa Gwassi, kando ya Ziwa Victoria. Mzee huyu alizaliwa huko. Sheria yenyewe ilitaja ‘laiboni’, neno lililotoka kwa Wamaasai. Yaani watu waliondolewa makwao kwa jina ambalo si la lugha yao! Orkoiyot na oloiboni wanafanana kwa mengi, lakini aliyeandika sheria hakuona haja ya kuuliza.

Je, Rutherford angemjibuje mzee? Nusu ya jibu ingempendeza. Kitabu kinashikilia kwamba mamlaka hutoka kwa Mungu kupitia watu, na kwamba mtawala amefungwa na agano. Katika baraza la kutunga sheria la Nairobi la 1934 hapakuwa na Mkipsigis hata mmoja wa kuulizwa. Lakini mchungaji hakuwa amesoma kitabu kingine cha Rutherford, cha 1649, kinachopinga uhuru wa dhamiri na kumpa mtawala upanga dhidi ya dini anayoiona potofu. Ungamo la Westminster la 1646, ambalo Rutherford alishiriki katika mkutano ulioliandaa, lilimpa mtawala wajibu wa kuzima uzushi. Wapresbiteri wa Marekani walikibadilisha kipengele hicho mwaka 1788. Basi mwandishi yuleyule aliyemvua mfalme taji angeweza kumpa afisa wa Kericho sababu ya kuwafukuza orkoiik. Katiba yetu ya 2010, Ibara ya 8, inasema hakuna dini ya taifa. Hapo Rutherford angegeuka kaburini.

Nilimweleza mzee hayo yote, bila kumpunguzia. Alitikisa kichwa. “Kwa hiyo alimwona mfalme, sisi hakutuona.”

Mchungaji alitaka kuacha. Mzee ndiye aliyekataa. Alisema kisomwe chote, maswali yake yote 44, na hicho cha 1649 kitafutwe pia kisomwe. Sasa tumefika swali la 4, linalouliza kama mfalme hutoka kwa Mungu pekee au pia kwa watu. Penye ‘watu’ nimeandika ‘wananchi’, mzee akakata kwa kalamu. Anasema Gwassi hakuna aliyemwita mwananchi. Bado tunabishana.