Mtindi hausubiri mahakama

Kupambana na wachakachuaji wa chakula ni jambo jema. Lakini kesi ikicheleweshwa, haki ya mshitakiwa huweza kuoza pamoja na ushahidi.

Tuitazame India. Sheria yao ya mwaka 1954 ilimtaka mkaguzi agawe sampuli mafungu 3: moja la muuzaji, moja la mkemia wa serikali, na moja la akiba. Mkemia akisema chakula si halisi, mshitakiwa aliruhusiwa kuomba fungu lililosalia lipimwe na maabara kuu, ambayo jibu lake ndilo la mwisho. Ila ombi hilo lilipitia mahakamani, yaani baada ya kesi kufunguliwa.

Septemba 1961, mkaguzi alichukua mtindi kwa muuzaji mmoja wa Delhi. Kesi ilifunguliwa Mei 1962. Muuzaji alipoomba kipimo cha pili, maabara ilijibu kuwa mtindi umeshaharibika, haupimiki. Mwaka 1966 Mahakama ya Juu iliamua kwamba ucheleweshaji wa upande wa mashitaka ndio uliompotezea haki ya kujitetea, hivyo hawezi kutiwa hatiani.

Je, nani alinufaika? Kama muuzaji hakuwa na kosa, alibeba tuhuma miaka mingi. Kama alikuwa nalo, aliponyoka, na mlaji hakupata kinga.

Sheria ile ilikoma mwaka 2011, ikapisha sheria mpya ya usalama wa chakula. Somo limebaki: sampuli ihifadhiwe vizuri, na kesi ifunguliwe kabla chakula hakijaharibika.